Haki ya Mtu wa Kuja

Sifa zote njema ni za Mwenyezi Mungu, aliyeumba bara na bahari akawapa waja wake njia za kupita humo. Na rehema na amani zimfikie Mtume Muhammad, ambaye naye aliuacha mji aliozaliwa, akapokewa katika mji wa wengine.

Ama baada ya hayo. Mji wa Kondoa uko kaskazini ya Dodoma, mwendo wa maili mia hivi. Watu wa pwani waujua tangu zamani, kwani wafanya biashara wao walipita huko na misafara. Na baadhi yao wakakaa, wakaoa, wakasalisha, hata Warangi wengi wakawa Waislamu. Basi mbegu ya dini katika mji ule ilipandwa na watu wa kuja. Yafaa alikumbuke jambo hili kila mwanamume akaaye barazani, akalitamka neno “mtu wa kuja” huku akikunja pua.

Katika siku za vita kuu ya pili Kondoa ilipata wageni wa namna nyingine. Hao walikuwa Wapolandi, na wengi wao wanawake, watoto na wazee. Nchi yao iligawanywa mwaka wa 1939 baina ya Mjerumani na Mrusi. Na katika mwaka wa 1940 na 1941 Mrusi akawatoa majumbani mwao watu wa upande wa mashariki, akawapakia katika magari ya moshi, akawapeleka Siberia na Kazakhstan wakafanye kazi katika baridi na njaa. Mjerumani alipoigeukia Urusi mwaka wa 1941, wakafunguliwa. Mwaka wa 1942 watu zaidi ya 110,000, askari na raia, walivushwa Bahari ya Khazar kutoka Krasnovodsk hata Bandar Pahlevi katika nchi ya Uajemi.

Hapo ufuoni palipigwa mahema, pakazungushwa waya wa miiba, pakawa na pande mbili: upande wa wenye uchafu, na upande wa waliokwisha takaswa. Kila aliyeshuka chomboni alitiwa kwanza upande wa uchafu. Akavuliwa nguo zake, zikachomwa moto. Akanyolewa nywele, mwanamke sawasawa na mwanamume. Akaogeshwa, kisha akapewa blanketi na nguo za sadaka, akavuka kwenda upande wa pili. Walikuwa wamejaa homa iletwayo na chawa, na ugonjwa wa kuhara. Wengi walikufa wakiwa wamekwisha okoka, na wengine waliuawa na chakula chenyewe, kwa kuwa matumbo yaliyozoea njaa hayakuweza kukichukua.

Wala asiseme mtu kwamba karantini ile ilikuwa dhuluma. Mtume alikataza watu wasiingie nchi yenye tauni, wala walio ndani wasitoke kwa kuikimbia. Na Sayyidna Umar alipopata habari ya tauni ya Sham, alirudi kutoka Sargh pamoja na watu wake. Mahujaji wa pwani wa zamani, walioshika njia ya Bab-el-Mandeb, walizuiliwa kisiwani Kamaran, mahali palipofunguliwa na serikali ya Kituruki mwaka wa 1882, na nguo zao zikatiwa katika mvuke. Hapo hakuonewa mtu.

Lakini itazamwe hali ya yule atokaye upande wa pili wa waya. Haji huvua nguo zake kwa hiari, akavaa ihramu, naye ajua ya kuwa kanzu yake yamngoja. Huyu alivuliwa asiwe na nguo ya kurudia. Hana nywele, hana mji, wala hana alama yo yote ya kuonyesha kuwa ni mtoto wa nani. Aliyekuwa mke wa hakimu na aliyekuwa mtumishi wake wametoka sawa, blanketi kwa blanketi. Mtu wa namna hii akibisha mlangoni, mwenye nyumba hana la kumpimia ila ubinadamu wake. Na hapo ndipo mwenye nyumba mwenyewe hupimwa.

Waajemi walipimwa kwanza. Nchi yao yenyewe ilikuwa imeshikwa na majeshi ya Kiingereza na ya Kirusi tangu 1941, na mkate ulikuwa haba hata watu wa Tehran wakafanya ghasia kwa ajili yake mwezi wa Desemba 1942. Juu ya hayo waliwapokea, na mji wa Isfahan ukalea mayatima wao kwa maelfu. Kisha wengi wakapandishwa merikebu, na wapata 18,000 wakaletwa katika nchi za Afrika zilizokuwa chini ya Uingereza, wakishukia bandari za Mombasa, Tanga na Dar es Salaam. Kijiji chao kikubwa katika Tanganyika kilikuwa Tengeru, karibu na Arusha, chenye watu wapata 5,000. Cha Kondoa kilikuwa kidogo.

Watu wa Kondoa walikuwa wamekwisha waona Wazungu wakija kwa wingi. Mwaka wa 1916 walikuja wa pande mbili, wakapigana mjini pao kwa mizinga. Na nyuma ya vita vile, kwa kuwa majeshi yalichukua ng'ombe, nafaka na wapagazi, kisha mvua ikakosekana, Ugogo iliingia katika njaa ile iitwayo Mtunya, hata watu wakayaacha makwao wakatangatanga kutafuta chakula. Safari hii Wazungu walikuja bila bunduki, wameshika watoto mikononi. Serikali iliwaweka katika kijiji cha peke yao. Wala haikuwa ada yake kuwauliza wenyeji juu ya ardhi yao, na hilo ni kosa la serikali, si la mgeni.

Atauliza mwenye kuuliza: hawa ni Wakristo, je, wana haki gani kwa Mwislamu? Na ajue kwanza habari ya Najashi. Mwaka wa 615 Masahaba wachache walikimbia mateso ya Makka, wakapanda chombo katika bandari ya Shuaiba, wakavuka kwenda Habasha. Makureshi wakapeleka wajumbe na zawadi za ngozi ili warudishiwe watu wao. Mfalme yule, naye siku ile alikuwa katika dini ya Kikristo, akamsikiliza Jaafar bin Abi Talib, akazirudisha zawadi, akawaacha wakimbizi wakae kwa amani. Hakuwataka kwanza waingie dini yake. Alipokufa, Mtume alimsalia Madina ilhali maiti iko ng'ambo ya bahari.

Ama zaka, mwana wa njia ni mmoja wa wale wanane wenye fungu ndani yake, hata kama kwao ni tajiri, maadamu amekatikiwa na mali yake. Wanazuoni wengi wamesema kuwa zaka ya faradhi hupewa Waislamu tu. Lakini sadaka haikufungiwa dini, na maji hayakufungiwa kabisa. Mwenye kuificha choyo yake nyuma ya hukumu ya zaka amesoma nusu ya mlango.

Vita vilikwisha mwaka wa 1945, lakini wengi wa Wapolandi wale hawakurudi, kwani miji yao ilikuwa imetiwa katika Urusi. Wakasafiri tena kwa merikebu, wengine Uingereza, wengine Kanada, wengine Australia. Waliokufa walibaki: makaburi yao yako Tengeru, yako Tehran, na mengine yako Pahlevi, ambayo sasa yaitwa Anzali, karibu na ufuo ule walipovuliwa nguo.