Dhuluma Isiyo na Mlalamikaji

Mwaka 1955 Isaac Asimov, Mmarekani mzaliwa wa Urusi aliyekuwa akifundisha kemia ya viumbe katika Chuo Kikuu cha Boston, alitoa riwaya iitwayo The End of Eternity, yaani Mwisho wa Umilele. Riwaya za namna hiyo huwekwa katika rafu ya hadithi za mashine na nyota, na sisi watu wa fasihi hupita rafu hiyo bila kugeuza shingo. Mimi nami nilipita hivyo kwa miaka mingi. Sasa naona ilinipasa kusimama, maana mna swali la maadili ndani yake ambalo si la mashine hata kidogo.

Habari yenyewe ni hii. Katika karne ya 24 yavumbuliwa njia ya kutoka nje ya wakati, na tangu karne ya 27 ipo jamii ya watu, karibu wote wanaume, ambao makao yao ni huko nje. Jamii hiyo yaitwa Umilele. Huchukua vijana kutoka karne zao, huwafunza, wala hawarudi tena makwao. Chombo chao cha kusafiria chaitwa birika, jina la jikoni kwa kitu cha ajabu mno, nacho hupanda na kushuka baina ya karne kama ndoo kisimani. Lakini hawasafiri kwa kutembea tu. Kazi yao ni kutengeneza. Wakiona kwa hesabu zao kwamba karne fulani italeta msiba, hutafuta kitendo kidogo kabisa kiwezacho kuuondoa. Andrew Harlan, mmoja wa Mafundi wao, aliingia katika karne ya 223 kwa dakika chache akaharibu mtambo mmoja. Kijana fulani akakosa somo alilokusudia kuhudhuria. Uvumbuzi mmoja ukakawia miaka 10. Na vita vya karne ya 224 vikawa havikuwako. Sisemi kwamba vilizuiwa. Havikuwako, wala hapana duniani aliyejua kwamba vilikuwa vije.

Nani atalaumu? Mtu ye yote aliyezika mwana kwa sababu ya vita asingesita kuliazima birika hilo. Walakini geuzo liondoalo vita huondoa na mengine pamoja navyo. Waliopendana hawakutani, mtoto hazaliwi, utungo mzuri hautungwi. Katika dunia yetu aliyedhulumiwa hulia, au jamaa zake humlilia. Hata aliyeuawa ana kaburi. Huyu hana. Mamaye hamkosi, kwa kuwa hakupata kuwa mamaye. Je, yawezekana kuwa na dhuluma pasipo mdhulumiwa?

Wako wanafalsafa watakaojibu kwamba haiwezekani: asiyekuwako hana haki, kama vile asivyo na njaa. Hoja hiyo ni nzito, nami niliikubali kwa muda. Kisha niliona kosa lake. Kusema kwamba mtu huyo hakuwako ni kusema kwa ulimi wa baada ya geuzo. Kabla yake alikuwako. Alikuwa na jina na deni dukani, na Fundi aliweza kumwona akipita. Hoja yapata nguvu yake kwa kusimama ng'ambo baada ya daraja kuvunjwa, na aliyelivunja ndiye asemaye.

Ushahidi mwingine umo katika desturi za Umilele wenyewe. Hesabu hupigwa na wataalamu, shauri hukatwa na wakuu, lakini Fundi atiaye mkono ndiye aepukwaye na wenzake wote, kana kwamba ana ugonjwa wa kuambukiza. Kama hapana aliyedhulumiwa, aibu hii yatoka wapi? Walalamikaji wamefutwa wote, na bado kesi yasikizwa katika nyuso za watendaji.

Mwishoni Noÿs Lambent, mwanamke wa karne za mbali, amwonyesha Harlan kwamba Umilele, kwa kuwakinga wanadamu na kila hatari, umewanyima safari ya kwenda kwenye nyota hata wakafa wote duniani. Ataka Umilele usipate kuanza. Dawa yake ni barua kwa mtu mmoja wa Italia, imfanye aanze kupiga urani kwa nyutroni, ili mlipuko wa kwanza wa atomiki uje mwaka 1945 badala ya karne ya 30. Hapa nilikifunga kitabu kwa siku kadhaa. Asimov aliandika maneno hayo miaka 10 tu baada ya Hiroshima na Nagasaki, naye ayapita kwa mistari michache. Noÿs naye ni Fundi basi! Apiga hesabu ile ile: miji kwa nyota.

Tofauti niionayo ni moja. Birika latoweka, na yeye na Harlan wabaki katika mwaka 1932, bila njia ya kutoka, wapate kuishi ndani ya wakati watakaougeuza. Sina hakika kwamba hilo lamsafisha. Hata hivyo waliokufa Hiroshima wana majina, nayo yameandikwa. Na kila tarehe 6 Agosti, saa mbili na robo asubuhi, kengele hulia huko na watu husimama kimya.