JE, JINA LAKO NI LAANA?

Kijana, unaitwa nani? Usinitajie lile la mtaani ulilobandikwa na rafiki zako. Nataka lile ulilopewa nyumbani ulipozaliwa. Je, unajua maana yake?

Wako vijana hapa Nyakatuntu, na Karagwe na Kyerwa yote, wanaoyaficha majina yao. Huyu anaitwa Mashaka, yule Taabu, mwingine Tibanyenda, yaani "hawanitaki". Wameambiwa mambo yao hayaendi kwa sababu ya jina. Biashara imekufa? Jina! Mchumba kakimbia? Jina! Basi mtu anabadili, anajiita George. Vyeti vya shule vinasema hivi, kitambulisho cha NIDA kinasema vile, anaanza kuhangaika na viapo kwa wakili. Taabu juu ya Taabu!

Hebu tulia nikuulize. George maana yake nini? Ni neno la Kigiriki, maana yake mkulima. Mkulima! Umelikimbia jina la nyumbani ukaenda mpaka Ugiriki kutafuta jembe, na jembe lilikuwa mlangoni kwenu, chini ya migomba.

Na jirani yako Byaruhanga, ambaye watu wanasema jina lake ni la kienyeji tu, yeye kila akiitwa anatajwa Mungu. Ruhanga ni Muumba, maana kuhanga ni kuumba. Byaruhanga ni mambo ya Mungu. Tumwesige ni "tumtumaini". Kamugisha, ndani yake mna baraka. Sasa niambie wewe, kati ya hayo na George, lipi ni jina la dini?

Utasema, "Lakini mhubiri, majina ya miungu je?" Swali zuri! Fungua kitabu cha Danieli. Vijana watatu wa Kiyahudi, Hanania, Mishaeli na Azaria, walichukuliwa mateka Babeli wakapewa majina ya huko: Shadraka, Meshaki na Abednego. Abednego maana yake ni mtumishi wa Nebo, na Nebo alikuwa mungu wa Wababeli! Lakini sanamu iliposimamishwa, huyo aliyeitwa mtumishi wa Nebo alikataa kuinama, akatupwa katika tanuru ya moto akiwa na jina hilohilo. Leo tunawaita watoto wetu Shadrack na Meshack, tunashangilia, wala hakuna anayekemea. Na Apolo, mhubiri hodari wa kitabu cha Matendo, jina lake limetokana na Apollo, mungu wa Wagiriki. Hatusomi popote kwamba alilibadili.

Huko Uganda, Bunyoro na Tooro, wana desturi ya empaako. Mtu hupewa jina la heshima na upendo, kama Akiiki, Amooti au Abwooli, na ndilo la kusalimiana nalo. Mwaka 2013 UNESCO iliiweka desturi hiyo kwenye orodha ya mila zinazohitaji kulindwa haraka. Wako watu wa dini wanaofundisha kwamba ni ya shetani. Mimi ni mwinjilisti, lakini hapo siwaungi mkono. Kumwamkia mzee kwa jina la heshima, shetani anaingilia wapi?

Sasa turudi kwako wewe Tibanyenda, maana jambo lako ni zito kuliko la George. Mtafiti mmoja Mwingereza, John Beattie, aliandika mwaka 1957 juu ya majina ya Wanyoro, ambao lugha yao ni jamaa ya Kinyambo chetu. Alikuta majina mengi yanasema habari za kifo, umaskini na chuki ya majirani. Lakini sikia! Jina la namna hiyo halimsemi mtoto. Linamsema aliyelitoa, na hali aliyokuwa nayo siku ile. "Hawanitaki" si neno uliloambiwa wewe. Pengine ni mama yako alikuwa anawajibu wabaya wake bila kugombana. Kila alipokuita uje kula, nao ng'ambo ya ua walisikia! Na katika makabila mengi ya kwetu, mama aliyefiwa na watoto humpa anayefuata jina baya makusudi, ili kifo kimdharau, kimpite. Unaona? Jina unalolionea aibu huenda ndilo alilokufichia mama ili uishi.

Kubadili si dhambi. Raheli alipokuwa anakufa kwa uchungu wa uzazi alimwita mtoto Benoni, mwana wa huzuni yangu. Yakobo akambadili akawa Benyamini. Lakini Yakobo alikuwepo, alijua kilio kile kilitoka wapi. Naye Yabesi aliitwa na mama yake kwa ajili ya uchungu, akabaki na jina lake, akaomba, akaheshimiwa kuliko ndugu zake.

Je, bibi yako bado yu hai? Basi kabla ya kwenda kwa wakili, nenda jioni hii ukae naye jikoni. Muulize siku uliyozaliwa kulikuwa na nini nyumbani, na nani alitamka jina lako kwanza. Akianza kulia, usimkatize.