Aliyebebwa Anadaiwa Nini?



Kila mwaka ifikapo Novemba watoto wetu hurudi kutoka shule na ua jekundu la popi kifuani. Wamefundishwa habari za askari wa Kanada waliokufa vitani, na tarehe 11, saa tano asubuhi, wanasimama kimya kwa dakika mbili. Ni jambo jema. Nchi hii imetupokea, nasi tunapaswa kuwaheshimu wafu wake. Lakini mwaka jana mtoto mmoja wa shule ya Jumapili aliniuliza, "Auntie, na sisi tuna askari wetu wa kukumbuka?" Nilimjibu upesi kwamba tunao, kisha nikashindwa kutaja hata jina moja. Haya ninayoandika ndiyo jibu nililopaswa kumpa.

Jina lake ni Chancy Chitete. Alikuwa praiveti wa jeshi la Malawi. Mwaka 2018 alikuwa mashariki ya Kongo pamoja na walinda amani wa Umoja wa Mataifa, katika brigedi maalumu iliyoundwa mwaka 2013 kwa askari wa Tanzania, Malawi na Afrika Kusini. Ndugu zetu mliotoka Beni hamhitaji kuelezwa hali ilivyokuwa. Waasi wa ADF walikuwa wakiua watu vijijini na mashambani, na Desemba 2017 walinda amani wa Tanzania wasiopungua 14 waliuawa katika kambi yao ya Semuliki. Juu ya hayo, Agosti 2018 ikatangazwa Ebola katika Kivu Kaskazini, ambayo hadi ilipokwisha mwaka 2020 iliua watu zaidi ya 2,200. Sisi wauguzi tunaelewa maana ya mambo hayo mawili kukutana: mgonjwa anatakiwa afikiwe mapema, na njia ya kumfikia ina bunduki.

Tarehe 14 Novemba 2018, siku tatu tu baada ya siku ile ya maua mekundu, walinda amani na jeshi la Kongo walikuwa wakipigana na ADF huko Kididiwe, karibu na Beni. Koplo Ali Khamis Omary wa Tanzania alijeruhiwa vibaya. Alilala mahali pa wazi, hawezi kusogea, risasi zikiendelea. Chitete akamwona. Akamwendea, akamvuta hadi mahali palipokuwa na usalama kidogo, akaanza kumpa huduma ya kwanza. Naye akapigwa risasi. Omary alipona. Chitete alikufa.

Mei 2019, huko New York, mjane wake alipokea Nishani ya Kapteni Mbaye Diagne, ambayo Umoja wa Mataifa huitoa kwa ujasiri wa kipekee. Diagne alikuwa mwanajeshi wa Senegal aliyekuwa Rwanda mwaka 1994 chini ya jenerali wa Kanada, Roméo Dallaire. Bila silaha, aliwapitisha mamia ya watu kwenye vizuizi vya wauaji, mpaka alipouawa na kombora mjini Kigali tarehe 31 Mei mwaka huo. Nishani hiyo ilianzishwa mwaka 2014. Ya kwanza ilipewa familia ya Diagne mwenyewe mwaka 2016, na baada yake aliyefuata ni Chitete.

Sasa niulize swali ambalo kanisani huwa tunaliruka. Je, alifanya vema?

Tunaharakisha kusema ndiyo, kwa sababu Yohana 15:13 tunaijua kwa moyo. Lakini somo la kwanza la huduma ya kwanza, ambalo nimewafundisha wengi, ni hili: kabla ya kumgusa majeruhi, hakikisha wewe mwenyewe uko salama, usije ukawa majeruhi wa pili. Kwa kanuni hiyo Chitete alikosea. Tena alikuwa na mke. Mama yule aliaga mume, akarudishiwa nishani. Kama Chitete angekuwa mdogo wangu, nadhani kilioni ningemlaumu: "Na sisi, hukutufikiria?"

Nimekaa na swali hili muda mrefu, na hapa ndipo nilipofika. Kanuni ile ni ya hekima, nami nitaendelea kuifundisha. Iliwekwa ili msaada umfikie majeruhi, na kwa kawaida humfikia kwa sababu nyuma yako kuna wengine wanaokuja. Pale Kididiwe hakukuwa na gari la wagonjwa njiani. Kama Chitete asingemwendea Omary dakika ile, huenda asingepatikana wa kumwendea. Na hatari ilikuwa sehemu ya kazi aliyoapa kuifanya, kama ilivyokuwa kwa wauguzi walioingia wodi za Ebola. Kwa hiyo siwezi kusema alikuwa mpumbavu.

Pamoja na hayo, siwezi kusema alilazimika. Angerudi nyuma akiwa hai, ni nani angethubutu kumhukumu? Alichotoa kilizidi alichodaiwa. Na hilo lina onyo kwetu sisi tunaopenda kuhubiri habari za kujitoa. Sadaka hutolewa, ikitozwa inakuwa kodi. Katika familia zetu hapa Mississauga yuko kaka mkubwa anayefanya kazi mbili, usiku ghalani, mchana barabarani, ili atume pesa kwa watu tisa nyumbani, na akisema amechoka anaambiwa hana upendo. Yuko dada anayemuuguza mama yake peke yake huku wadogo zake wakimsifu kwa ujumbe wa simu. Tusilitumie jina la Chitete kuwaongezea watu hawa mzigo. Yeye alitoa nafsi yake mwenyewe, hakutoa ya jirani.

Jambo la pili ni huyo aliyemwendea. Serikali za Malawi na Tanzania zimebishana miaka mingi juu ya mpaka katika ziwa ambalo Watanzania huliita Nyasa na Wamalawi huliita Malawi. Siku ile Mmalawi alimvuta Mtanzania katika udongo wa Kongo, na aliyekuwa akilindwa ni mkulima wa Beni ambaye huenda wote wawili hawakulijua jina lake. Nikitazama ukumbi wetu wa chai baada ya ibada naona meza ya Wakongo, meza ya Warundi, meza ya Wakenya na meza ya Watanzania. Hatugombani, namshukuru Mungu. Ila najiuliza, nikianguka katikati ya ukumbi, ni meza ipi itakayoinuka?

Sasa nije kwa yule aliyepona, kwa sababu wengi wetu tunafanana na yeye kuliko tunavyofanana na Chitete. Mtu akifa ili wewe uishi, unadaiwa nini?

Miaka kadhaa iliyopita nilimhudumia baba mmoja aliyenusurika katika ajali ambayo mwenzake hakunusurika. Alikataa kula. Usiku mmoja aliniuliza, "Sista, huyu nitamlipaje?" Nilimjibu jibu la haraka: "Mungu amekubakiza kwa kusudi kubwa." Akageukia ukutani. Niliona nimemtwika jiwe lingine. Mtu asiyeweza hata kukaa kitandani nilikuwa nimemwambia atafute jambo kubwa la kufanya, la sivyo mwenzake amekufa bure. Jenerali Dallaire, aliyerudi Rwanda akiwa hai, ameeleza hadharani jinsi akili yake ilivyojeruhiwa miaka mingi baadaye. Kubaki hai kuna maumivu yake, na maneno mazuri hayatoshi kuyaponya.

Leo ningemjibu hivi: Baba, hutaweza kumlipa, wala hutakiwi. Aliyekufa hana mahali pa kupokelea malipo. Lakini kuna mambo matatu unayoweza kuyafanya polepole, kwa kadiri ya nguvu zako. Litaje jina lake, lisipotee. Wakumbuke aliowaacha, maana mjane hali nishani. Na siku mtu mwingine atakapoanguka karibu nawe, nawe ukiwa umesimama, mwinue. Hilo la tatu linaweza kuwa jambo dogo sana. Mtu anaweza kumbeba mwenzake kwa lifti ya kwenda kliniki.

Wengine watasema: mbona mauaji ya Beni hayakukoma baada ya Kididiwe? Ni kweli, hayakukoma, na wako kati yetu waliozika ndugu baada ya siku hiyo. Sina maelezo ya kulifuta chozi hilo. Ninachojua kinatoka wodini. Sijawahi kumaliza zamu nikaacha hospitali haina wagonjwa, na sijawahi kufikiri kwamba kwa hiyo yule mmoja aliyepumua vizuri alfajiri hakuwa na maana. Kuna nyumba moja ya Kitanzania ambayo haikupokea jeneza. Kwa nyumba hiyo, hakuna atakayesema Chitete alikufa bure.

Nawe, msomaji, ni nani alikubeba? Labda ni jirani wa kabila jingine aliyekuficha usiku ule, au shangazi wa Nyarugusu aliyegawa mgao wa chakula uliokuwa haumtoshi mwenyewe, au mtu wa hapa aliyeweka sahihi yake ili upate chumba cha kwanza. Kama bado yu hai, mpigie simu wiki hii. Kama amelala, liandike jina lake kwenye karatasi ulilete ibadani Jumapili iliyo karibu na tarehe 14 Novemba. Tutayasoma majina hayo kwa sauti, tukianza na la Chancy Chitete, na nitamwomba yule mtoto aliyeniuliza alisome yeye.

Mungu awabariki na kuwalinda.