Kuitikia Dua Usiyoiamini

Wageni wakisikia habari za nyimbo za dua za Wamaasai huuliza swali moja tu: je, kweli zinaleta mvua? Swali hilo halinisumbui. Malambo iko katika nchi kavu kaskazini ya milima ya Ngorongoro, na mwalimu yeyote wa jiografia ajua kuwa milima hiyo huzipokonya pepo zitokazo Bahari ya Hindi unyevu wake kabla hazijafika huko. Wimbo hauhamishi mlima. Kuna swali jingine, gumu zaidi, nalo lamhusu yule asiyeamini lakini amesimama katikati ya waombao.

Yafaa kwanza msomaji aelewe jinsi dua hizo zilivyo. Wamaasai kwa asili hawapigi ngoma; chombo chao ni koo la mtu. Katika wimbo, kiongozi aitwaye olaranyani hutanguliza, na wenzake humjibu kwa sauti nzito zitokazo kifuani. Pembe la tandala husikika mara chache, kwa kuwakusanya watu. Katika dua mpango huwa mwepesi zaidi. Mzee hutamka ombi fupi, watu huitikia "Naai", naye hutamka jingine, na jingine, hadi maneno na itikio yawe kama hatua za watu wanaotembea pamoja. Anayeitwa ni Enkai, na neno hilohilo ni Mungu, ni mbingu, ni mvua. (Wamisionari waliokuja kutafsiri Biblia nadhani walikuna vichwa hapo, maana neno lenyewe ni la kike.) Wanawake nao huenda kuomba watoto kwenye Ol Doinyo Lengai, Mlima wa Mungu, uleule uliolipuka na kumwaga majivu mwaka 2007. Lakini ombi lisiloitikiwa hubaki kuwa maneno ya mzee mmoja.

Wakati wa ukame wa mwaka 2009, ng'ombe wakifa kwa maelfu kaskazini mwa nchi yetu, mwalimu kijana niliyepata kumfundisha ualimu, Mkristo thabiti mzaliwa wa Karatu, alijikuta Malambo katika kusanyiko la namna hiyo. Wote waliitikia, yeye alinyamaza, na watu waliona. Alipokuja kunisalimu, hakukaa hata dakika tano kabla hajauliza: "Mwalimu, ningeitikia, ningekuwa mnafiki?"

Nilimjibu kuwa sioni unafiki. Waliosimama pale hawakumwomba athibitishe nadharia ya mvua. Walimtaka aseme kama naye anatamani mifugo yao ipone, na hilo alilitamani kwa dhati. Tofauti ni pale maneno yanapoacha kuomba yakaanza kuahidi. Mwaka 1905, huko Ngarambe, Kinjekitile Ngwale aligawa maji yaliyosemekana kuwa yangezigeuza risasi za Wajerumani, na wako walioikabili bunduki kwa kuamini ahadi hiyo. Ahadi ya namna ile nisingeiitikia hata kwa adabu.

Kijana hakuridhika, na alikuwa na sababu. Akanisimulia kisa cha pili, nacho ndicho kimenikalisha kitako hadi leo. Binti mmoja alikataa kuozwa akakimbilia shuleni. Baba yake alisimama mbele ya wazee akaanza kumlaani, sentensi moja moja, akingoja itikio kama katika dua. Kijana alikuwepo. Kwa kuwa haamini kuwa laana huua, alifikiri kuwa kuitikia kusingemdhuru mtu: ni sauti tu, na amani ingekuwapo kati yake na wazazi wa wanafunzi wake.

Hapa ndipo ninapopinga kwa nguvu zote. J. L. Austin, mwanafalsafa wa Oxford, katika mihadhara aliyoitoa Harvard mwaka 1955, alieleza kuwa yako maneno ambayo hayaelezi kitendo bali ndiyo kitendo chenyewe. Hakimu akitamka hukumu, mtu amekwisha hukumiwa. Sisi tulilijua hilo pasipo kwenda Harvard: mume akisema "nimekuacha", mke anafunga mizigo. Laana haihitaji kupita mbinguni ili imfikie binti. Hupita masikioni mwake, hupita kwa shangazi atakayemfungia mlango, kwa jirani atakayemnyima maziwa, kwa vijana watakaoogopa kumchumbia. Kila "Naai" ni mlango mmoja umefungwa, awe anayeitamka anaamini au haamini. Na baraka hufanya kazi kwa njia hiyohiyo, ila kwa kufungua. Kwa hiyo asiyeamini hawezi kujificha nyuma ya kutoamini kwake, wala katika hili wala katika lile.

Msomaji atasema ni rahisi kwangu, mzee wa pensheni, kumhimiza kijana anyamaze mbele ya wenyeji wake. Ni kweli, na gharama yake siijui kama anavyoijua yeye.

Bali hakuwa peke yake siku ile. Baba alipotamka mara ya kwanza, wachache waliitikia. Mara ya pili wazee watatu walikaza midomo wakatazama chini, na yeye, kwa kuwaona, akafunga wake. Baba akageuka huku na huku akingoja, kisha akakaa. Binti alibaki shuleni. Kwa muda mrefu baba huyo hakuwasalimu wazee wale watatu, na mmoja wao alikuwa ndugu yake wa tumbo moja.