Dhamiri ya Wakili Lincoln

Mwaka 1837, katika bunge la jimbo la Illinois, Abraham Lincoln na mwenzake Dan Stone waliandika pingamizi wakisema utumwa umejengwa juu ya dhuluma. Miaka 10 baadaye Lincoln huyohuyo, sasa wakili mzoefu, alimsimamia Robert Matson, aliyetaka arudishiwe Jane Bryant na watoto wake kama mali.

Watetezi wa Lincoln husema kila mtu anastahili wakili. Nakubali, hasa kwa anayekabiliwa na kifungo. Lakini hapa Matson hakuwa akiutetea uhuru wake. Alikuwa akitaka kuwanyima wenzake wao. Wala Lincoln hakuwa mgeni wa sheria ya utumwa: mwaka 1841 alishinda shauri kwa kushikilia kwamba Nance, mwanamke mweusi, alikuwa huru na hauziki. Aliijua haki, akakodisha ulimi wake kwa upande wa pili. Mahakama ilimkataa Matson, Jane na wanawe wakawa huru.