Filimbi ya Saa Kumi na Mbili

Ukipanda kutoka Korogwe kwenda Dindira unaacha mkonge na joto bondeni, unapokelewa na chai na ukungu. Kuna asubuhi za masika ambazo watoto wa shule huiimbia bendera wasiyoiona: kamba inapanda, kitambaa kinamezwa na wingu, na kiranja amekakamaa vilevile. Hakuna askari wala mkaguzi wa kuwatazama.

Kule tambarare adabu ya bendera ina filimbi. Saa kumi na mbili asubuhi na saa kumi na mbili jioni, karibu na kituo cha polisi au ofisi ya mkuu wa wilaya, filimbi ikilia bodaboda anazima pikipiki, mama mwenye ndoo kichwani anasimama, waliokuwa wakivutana bei wanakatisha maneno. Wageni hushangaa. Mimi naipenda dakika hiyo, maana ni nadra katika nchi hii mwenye shangingi na mwenye mkokoteni kusimamishwa na kitu kimoja.

Ila siku moja nilisimama nje ya ofisi ya umma, sitaitaja, mgambo akimfokea mzee ambaye hakuisikia filimbi akaendelea kujikongoja. "Nisamehe mwanangu, masikio yamechoka," mzee akasema. Nikatazama juu. Ncha ya nje ya bendera ilikuwa nyuzi tupu, kijani kimekwajuka, bluu haipo kabisa. Bluu ndiyo rangi iliyoongezwa mwaka 1964, baada ya Tanganyika kuungana na Zanzibar. Ofisi ile ilikuwa imebaki na Tanganyika peke yake, na kwa hilo hakuna aliyefokewa.

Shule za msingi, pamoja na umaskini wao, mara nyingi hufanya vizuri zaidi. Mwalimu wa zamu aliye makini humfundisha mtoto mambo ambayo ofisa mwenye shahada hayajui: kijani hukaa juu, upande wa mlingoti, bluu chini, upande unaopepea, mstari mweusi hupanda kutoka chini ya mlingoti, na ukiuona unashuka ujue bendera imefungwa kichwa chini miguu juu. Ukija msiba wa taifa, kama tulipompoteza Mzee Mwinyi Februari 2024, bendera haikomei njiani wakati wa kupanda. Hufikishwa kwanza kileleni, ndipo ishushwe hadi nusu mlingoti. Jioni mmoja hulegeza kamba polepole, mwenzake anaipokea kwa mikono miwili isiguse chini. Na kama mvua ya Usambara imewawahi, hawaikunji mbichi. Wanaitandaza juu ya madawati mpaka ikauke, maana kitambaa kibichi kikifungiwa kabatini huota kuvu. Hayo hayaandikwi kwenye ripoti yoyote.

Ninachokikataa shuleni ni fimbo. Bado wapo walimu wanaopita mstarini na kiboko wakitafuta mdomo uliofungwa, eti uzalendo. Mwaka 2013 Mahakama ya Rufani iliwapa haki wanafunzi wa Mashahidi wa Yehova waliokuwa wameadhibiwa kwa kukataa kuimba Wimbo wa Taifa kwa sababu ya imani yao. Najua wazee wenzangu watanikunjia uso, hasa tuliolelewa kwa halaiki na gwaride. Mimi mwenyewe huimba, tena kwa sauti, na ubeti wa kwanza unaoiombea Afrika yote kabla ya Tanzania hunipa fahari kila mara. Lakini mtoto anayesimama kimya, mikono ubavuni, wenzake wakiimba, hajaichana bendera. Wanaoichana ni jua na upepo, wakisaidiwa na mhasibu ambaye kila mwaka hakosi fungu la maji ya chupa ya vikao, ila la bendera mpya anasema lisubiri.