Aliyepuliza Makaa

Msikilizaji wa Meru na Embu, chai imechemka? Basi kuna aliyeamka gizani, akapuliza makaa. Chai husifiwa. Mpulizaji hasifiwi.

Mwigizaji Lupita Nyong'o naye alipuliza makaa. Filamu ya The Constant Gardener iliporekodiwa hapa Kenya, yeye alikuwa nyuma ya kamera, akitumwa huku na kule. Hakuonekana. Akaigiza katika tamthilia ya Shuga. Akaenda kusomea uigizaji Chuo Kikuu cha Yale, Marekani. Makaa yakashika, polepole. Mwaka 2014 akashika tuzo ya Oscar, na watu wakadhani amezuka jana!

Wewe unayepanga ndizi sokoni Gakoromone, wewe unayechuma majani ya chai Kianjokoma, nawe kondakta wa matatu: leo, kabla hujaonja chai, mshukuru aliyewasha jiko.